Korongo la Hell's Gate au la Ngare Sero: uende lipi ukitaka kutembea katikati ya magenge

Swali hili linakuja sana, hasa watu wakianza kupanga likizo za mwezi wa saba na za Desemba. Mtu anasema nataka kutembea kwa miguu ndani ya korongo, kuta za mwamba huku na huku, awepo mtu wa kutuongoza anayepajua, sasa niende Hell's Gate pale Naivasha au nishuke Ngare Sero kule Ziwa Natron, Tanzania? Na kwa kweli kwenye picha za simu yanafanana. Yote mawili yako kwenye Bonde la Ufa, yote yako nchi ya Wamasai, yote yamechimbwa na maji kwenye miamba ya volkano. Ila ukifika ndo unaona ni safari mbili tofauti kabisa, na anayefaa kwenda huku si lazima afae kule.

Niseme mapema ili asiye na muda asisome yote. Kama una siku moja tu na unatokea Nairobi, au una kundi la watu mchanganyiko, wengine wanapenda kutembea wengine hawapendi, nenda Hell's Gate. Kama una siku tatu, gari la kueleweka, na joto halikusumbui, nenda Ngare Sero, na mimi moyo wangu uko huko. Lakini kama mvua imenyesha huko juu hata jana yake, usiende popote kati ya hayo mawili, na hilo nitalirudia huko chini kwa sababu ndo kubwa kuliko yote.

Hell's Gate, yaani Ol Njorowa

Hii ni hifadhi ya taifa ya Kenya, imetangazwa mwaka 1984, ndogo tu, kama kilomita za mraba 68, na iko kilomita 90 hivi kutoka Nairobi. Uzuri wake wa kwanza ni kwamba ni kati ya hifadhi chache za Kenya unazoruhusiwa kushuka kwenye gari ukatembea au ukaendesha baiskeli, wanyama wakiwa pale pale. Unapanda matatu mpaka Naivasha mjini, unachukua nyingine ya barabara ya kusini mwa ziwa, unashuka njiapanda, hapo vijana wanakodisha baiskeli kibao, unachagua yenye breki (jaribu breki kabla hujalipa, tafadhali, na gia pia), unakanyaga mpaka geti la Elsa.

Ukishaingia tu unakutana na Fischer's Tower, nguzo ya mwamba ya mita kama 25 imesimama peke yake, na pimbi wamejaa chini yake. Wamasai wanasimulia kwamba alikuwa binti anayepelekwa kuolewa, akageuka kuangalia nyumbani kwao wakati aliambiwa asigeuke, akawa jiwe. Jina la kizungu linatokana na Gustav Fischer, Mjerumani aliyepita hapo mwaka 1883. Kutoka getini mpaka kwenye kituo cha askari ambapo korongo linaanzia ni kama kilomita 7 au 8 za barabara ya vumbi, magenge mekundu yamekuzunguka pande zote, pundamilia na ngiri na swala wanakula majani hatua chache tu kutoka kwenye gurudumu lako, nyati pia wapo kwa hiyo usijifanye jasiri ukamsogelea. Watu wengi wanadhani hii ni njia tu ya kufikia korongo. Mimi naona hii baiskeli ni nusu ya safari na kuna watu wangefurahi hata wangeishia hapo.

Halafu sasa korongo lenyewe. Zamani sana Ziwa Naivasha lilikuwa kubwa na la juu kuliko sasa, na maji yake yalikuwa yanatokea upande huu wa kusini, ndo yakakata huu mwamba laini wa majivu ya volkano mpaka ukabaki mfereji mrefu wenye kuta zilizojikunja na kuchongeka, kuna sehemu mnapita mmoja mmoja, ukinyoosha mikono unagusa pande zote mbili. Unashuka kwa mikono na miguu, kuna mahali unashika kamba, kuna mahali muongozaji anatangulia chini anakuonyesha pa kuweka mguu, weka hapa, sasa wa kushoto, usiruke. Kuna maji ya moto yanatoka ukutani, ya moto kweli, usiweke mkono mpaka uambiwe yapi ni ya kugusa. Chini unaokota vipande vya obsidiani, ile kioo nyeusi ya volkano (unaangalia unarudisha, hutoki nayo). Joto la ardhini la eneo hili ndo linaloendesha mitambo ya umeme ya Olkaria tangu 1981, na mabomba yake na mvuke utauona ukitembea upande wa magharibi wa hifadhi. Wengine wanaona mitambo inaharibu mandhari. Mimi nimekuja kuizoea, ila ukitaka pori tupu lisilo na bomba jua kabisa kwamba hapa hutalipata.

Kama miguu yako haiko vizuri au una mzee, kuna njia ya juu ukingoni, unaangalia chini korongoni bila kushuka, na pale kituoni kuna pa kukaa mkala mlichobeba. Na kabla hujafunga safari ukiwaza korongo peke yake, uliza KWS (shirika la wanyamapori la Kenya) kama sehemu ya chini iko wazi siku hiyo, kwa sababu huwa wanaifunga hali ikiwa mbaya, na wakifunga wamefunga.

Ngare Sero, chini ya Ol Doinyo Lengai

Huku hakuna kupanda matatu asubuhi ukarudi jioni. Unatoka Arusha kwa lami mpaka Mto wa Mbu, halafu unaacha lami unashika barabara ya Engaruka, vumbi na mawe na makorongo ya mchanga ya kuvuka, mpaka kijiji cha Engare Sero. Ukiwa na bahati ni mwendo wa saa tano au sita kutoka Arusha, mvua ikinyesha usihesabu. Gari liwe la juu na linavuta magurudumu yote manne, Noah haifiki kirahisi na ikifika itakuchukia. Njiani pale Engaruka kuna mabaki ya mashamba ya kale ya umwagiliaji, kuta za mawe na mifereji ya watu walioishi hapo mamia ya miaka iliyopita wakahama, ukiwa na saa moja simama uone, wengi wanapita mbio tu.

Halafu joto. Ziwa Naivasha liko mita karibu 1,880 juu ya usawa wa bahari, unaamka na sweta. Ziwa Natron liko kama mita 600, kwa hiyo mchana nyuzi 40 ni kawaida na upepo unaopuliza ni wa moto. Hii tofauti peke yake inaamua mambo mengi, nani unakwenda naye, saa ngapi mnaanza kutembea, maji kiasi gani mnabeba.

Korongo la Ngare Sero lina mto wenye maji mwaka mzima, unaotoka kwenye nyanda za juu za Ngorongoro ukakata ukuta wa Bonde la Ufa kushukia ziwani. Unaanzia mdomoni mwa korongo, kijito kinatoka, mbuzi wanakunywa, watoto wanafua, halafu unaanza kupanda kinyume cha maji. Mara njia iko kwenye ubavu wa genge, nyembamba, mawe yanayumba, mto unausikia chini yako, mara inaisha kabisa na unaingia majini unavuka upande wa pili, unatembea kidogo, unavuka tena. Maji ya magotini, sehemu nyingine mapajani. Muongozaji anatangulia na fimbo yake anapima, anakupa mkono, anakuambia subiri. Kuta zinazidi kukaribiana na kurefuka, mikindu imejishika kwenye nyufa, maji ya chemchemi yanachuruzika kutoka ukutani, na baada ya kama saa moja hivi unafika kwenye maporomoko yanayomwagikia kwenye bwawa. Kutoka kwenye lile joto la nje mpaka hapo, ukiingia chini ya yale maji unasahau barabara yote uliyokuja nayo. Hapa ndo naposema Hell's Gate inapitwa, kule unaangalia kazi ambayo maji yaliifanya zamani, huku uko ndani ya maji yenyewe yakiwa bado kazini.

Na huku ziada zake ni kubwa. Mlima wa Ol Doinyo Lengai umesimama juu yako, karibu mita 2,960, volkano hai ya aina ambayo hakuna nyingine hai duniani, lava yake ni ya magadi na inatoka nyeusi halafu inageuka nyeupe, ililipuka kwa nguvu mwaka 2007 hadi 2008. Karibu na ziwa kuna nyayo za watu wa kale zaidi ya 400 kwenye majivu yaliyogeuka mwamba, wataalamu wanazikadiria kati ya miaka 5,000 na kitu na 19,000, unaona kabisa kisigino na vidole, huyu alikuwa anakimbia, hawa walikuwa wanatembea pamoja. Alfajiri unakwenda kuona heroe (flamingo), kwa sababu Natron ndo mahali pakuu heroe wa ile aina ndogo wa Afrika Mashariki wanapozalia. Sasa linganisha na Naivasha ambako ziada ni boti ziwani na viboko, nzuri pia, ila uzito si huo.

Sasa maji

Hapa naomba usome polepole. Makorongo haya ni mifereji, na mfereji kazi yake ni kupitisha maji. Mvua ikinyesha juu milimani, mbali, wewe uko chini jua linawaka na mbingu ya bluu, maji yanakusanyika kutoka kila upande yanaingia sehemu moja nyembamba, na yanapofika hayaji kama kijito kilichoongezeka, yanakuja yamejaa matope na magogo na mawe, na kuta ni refu huna pa kushika. Aprili 2012 vijana wa kanisa waliokwenda kutembea Hell's Gate walikumbwa hivyo, saba wakafa. Septemba 1, 2019 ikatokea tena, wakafa watu saba, na mmoja wao alikuwa muongozaji wa pale pale, mtu aliyelijua korongo hilo. Angalia tarehe hiyo ya pili. Si masika ile, si vuli, ni mwezi ambao watu wengi wangesema kiangazi nenda tu bila wasiwasi.

Kwa hiyo ukilinganisha usalama usiniulize lipi ni salama zaidi, uliza hali ya hewa ikoje huko juu. Ngare Sero nayo ina hatari hiyo hiyo, na pale tayari uko kwenye mto, kwa hiyo maji yakianza kubadilika rangi au kubeba majani mengi au sauti ikabadilika, mnapanda ubavuni hapo hapo, hamumalizii picha. Tofauti ninayoiona ni kwamba Ngare Sero sehemu nyingi zina ubavu unaoweza kupanda kidogo, wakati Ol Njorowa kuna vipande ni kuta tupu zilizolainishwa, na ule mwamba wa majivu ukiloa unateleza vibaya. Kwa hiyo miezi ya Machi mpaka Mei, na Novemba mpaka Desemba, Hell's Gate ningefanya baiskeli na njia ya juu tu, kwenye korongo nisingeshuka, hata kama limefunguliwa. Na miezi hiyo hiyo Ngare Sero barabara yenyewe inaweza kukuzuia kabla hata mto haujakuzuia. Muda mzuri wa yote mawili ni Juni mpaka Oktoba, asubuhi, muwe mmetoka kabla ya mchana, maana mvua nyingi za bondeni zinapenda kunyesha jioni.

Muongozaji

Kuna watu wanaona muongozaji ni hela ya bure, njia si inaonekana? Inaonekana ndiyo. Lakini humlipi akuonyeshe njia. Unamlipa kwa sababu jana usiku alilala hapo, anajua kama juu kulinguruma, ana namba ya ndugu yake anayechunga upande wa mlimani, na anajua ni sehemu ipi mnaweza kupanda kutoka mkiwa na dakika chache tu. Kabla hamjaanza mwambie akueleze sehemu hizo, moja baada ya nyingine. Anayejua kazi yake atafurahi kuulizwa. Anayekujibu "hakuna shida twende tu" bila kuangalia juu, shukuru, tafuta mwingine.

Hell's Gate unawapata pale kituoni korongo linapoanzia, vijana wa Kimasai wa eneo hilo, wanaongea Kiswahili na Kiingereza, wamezoea makundi makubwa ya shule na makanisa na ofisi. Faida yake ni kwamba hakuna kupanga sana, unafika unapatana. Hasara yake ni kwamba wikendi wanakuwa na haraka, watu kumi na tano nyuma ya mtu mmoja, wa mwisho haoni alichoonyeshwa wa kwanza. Mkiwa wengi gawanyikeni, chukueni wawili au watatu, msibane hapo. Elewaneni bei mapema, ya kundi au ya kila mtu, iwe wazi.

Ngare Sero unampata kijijini au kupitia kambi unayolala, na yeye mara nyingi mnakuwa naye siku nzima, korongo asubuhi, nyayo jioni, heroe kesho yake alfajiri. Hapo ndo unapata mazungumzo. Anakuambia huu mti unatibu nini, ng'ombe wanapelekwa wapi kiangazi kikikaza, mwaka ule majivu ya Lengai yalipoanguka kwenye malisho walihamia wapi. Msalimie vizuri ukifika, kwa mzee shikamoo yako iko pale pale na ukijua "supai" ya Kimasai itapokelewa kwa furaha, na usipige picha watu wanaofua mtoni bila kuomba. Kwangu mimi matembezi haya mawili yanatofautiana zaidi hapa kuliko hata kwenye miamba.

Hela

Kifupi. Hell's Gate unalipa kiingilio cha KWS kwa njia ya mtandao, si taslimu getini, halafu baiskeli, halafu muongozaji. Beba kitambulisho, bei ya raia na ya mgeni zinapishana mbali na raia wa Afrika Mashariki wana kiwango chao. Ngare Sero hakuna geti moja, kuna vizuizi vya halmashauri na vijiji njiani, kila kimoja na malipo yake, mtu asiyejua anafika amekasirika anadhani ametapeliwa. Hajatapeliwa, ndo utaratibu, chukua risiti kila unapolipa na uwe na taslimu kwa sababu mtandao unakatika. Ukijumlisha na mafuta na kulala siku mbili, Ngare Sero ni ghali mara kadhaa kuliko Hell's Gate. Ukienda watu wanne au watano kwenye gari moja ndo inaanza kuwa na maana.

Nani wapi

Watoto: Hell's Gate kwa sababu ya baiskeli na wanyama, ila korongoni mtoto mdogo asishuke, kuna sehemu hatua ni ndefu kuliko mguu wake. Ngare Sero mtoto anayejua maji wa miaka kumi hivi anaweza kwenda vizuri na mkono wa mtu mzima, tatizo litakuwa joto na barabara, atatapika.

Mwenye woga wa urefu ataumia zaidi Ngare Sero kwenye vile vipande vya ubavuni. Mwenye kuogopa kubanwa sehemu finyu ataumia Ol Njorowa. Asiyejua kuogelea anaweza yote mawili, bwawani akae pembeni tu.

Viatu ndo watu wengi wanaharibu. Ol Njorowa vaa raba zenye meno, zilizofungwa, kandambili hapana. Ngare Sero kinyume chake, viatu vya kufunga vinajaa maji na mchanga unatembea na uzito, vaa sandozi zenye mikanda inayoshika kisigino, waongozaji wenyewe wanatembea na katambuga za tairi na hawatelezi. Simu iwe kwenye mfuko wa plastiki unaofungwa. Maji ya kunywa lita mbili kila mtu Hell's Gate, tatu Natron, na usidanganywe kwamba kwa kuwa unatembea mtoni hutasikia kiu.

Kama unataka kuunganisha yote kwenye likizo moja, inawezekana, ila kwenye ramani utaona Natron iko karibu kabisa na mpaka wa Kenya ukadhani unakatiza tu. Hukatizi. Unarudi Nairobi, unapita Namanga na hati yako ya kusafiria, unakuja Arusha, unalala, unaondoka alfajiri. Anza na Hell's Gate, mwili uzoee kupanda na kushuka kwenye baridi kidogo, halafu Ngare Sero mwishoni, na siku ya mwisho pale kijijini usiweke ratiba yoyote ya kurudi mbio, kwa sababu mvua ikinyesha usiku zile njia za mchanga za kuelekea Engaruka zinajaa maji na dereva mwenye akili atawaambia msubiri yapungue.